Badilisha Kitu Kimoja Tu: Mazungumzo Kuhusu Hadithi Fupi za Ajabu, za Kutisha na Zilizobaki

Mazungumzo haya niliyatoa mbele ya wasomaji wenzangu hapa Mombasa. Waliokosa kufika waliomba niyaandike, nami nimeyaandika kama nilivyoyasema. Picha za majalada zilizokuwa ukutani nimeziacha, na zile dakika umeme ulipokatika nazo nimeziacha.

Hamjambo nyote? Na nyinyi mliokaa nyuma karibu na mlango, mkidhani nikiwachosha mtatoka bila kuonekana, hamjambo? Nawaona.

Nashukuru kwa mwaliko. Niliombwa nije na orodha ya mikusanyiko ya hadithi fupi inayofaa kusomwa, na aliyenialika akanigawia mafungu kabisa. Fungu la kwanza, bunilizi za kisayansi. La pili, hadithi za kutisha. La tatu, akaandika, "fasihi yenyewe". Fasihi yenyewe! Kwa hiyo yale mafungu mawili ya kwanza ni nini? Ni watoto wa kambo?

Basi kwa ruhusa yenu mafungu hayo nitayavuruga. Vitabu nitavitaja, kwa hiyo kalamu zishikeni. Lakini nina neno moja la kusema leo, na nitalirudia mpaka mlichoke. Mwandishi hodari wa hadithi ya ajabu hubadilisha kitu kimoja tu. Kimoja. Vingine vyote huviacha palepale vilipo. Bei ya unga iko palepale. Mama mkwe yuko palepale na maneno yake. Mwenye nyumba bado anabisha hodi tarehe tano akitaka kodi. Kitu kimoja kimegeuka, na kwa kuwa ni kimoja, hukikosi.

Mwandishi dhaifu naye hugeuza kila kitu kwa mpigo. Ukurasa wa kwanza angani kuna miezi mitatu inayowaka, wafalme wana majina ya kukwama kooni, bahari inachemka na farasi wanaongea. Ukifika ukurasa wa pili, farasi akikusalimu unamwitikia tu na kuendelea. Umeshazoea. Hadithi imekufa na bado ina kurasa thelathini mbele yake.

Tuanze nyumbani. Mwaka 1870, Edward Steere, mmishenari aliyekuja baadaye kuwa askofu, alichapisha London kitabu cha hadithi alizosimuliwa na watu wa Unguja, Kiswahili ukurasa mmoja na Kiingereza ukurasa wa pili. Kitabu kinaitwa Swahili Tales. Ndani yake mna hadithi ya Sultani Majnun. Nani anaikumbuka? Mama pale anatikisa kichwa. Ahsante, mama, nisahihishe nikikosea.

Sultani ana paka. Siku moja paka akala ndama. Watu wakaenda kumweleza sultani. Sultani akajibu kwamba paka ni wake na ndama ni wake. Kesi imekwisha. Paka akala mbuzi. Jibu lile lile. Akala ng'ombe, akala punda, akala ngamia, na kila watu wakienda kushtaki wanarudi na jibu lile lile. Akala mtoto wa watu. Akala mtu mzima. Sultani bado anahesabu mali yake: paka wangu, mtu wangu. Mpaka siku paka alipowaua wanawe sultani mwenyewe, ndipo akasema huyu si paka tena, ni nunda mla watu. Ikabidi mwanawe mdogo aingie porini kumsaka. Akaanza kwa kumuua mbwa, akamburura hadi kwa mamake akiimba kwamba nunda ameuawa. Mamake akamwimbia: mwanangu, siye huyo. Akarudi porini. Akaja na mnyama mkubwa zaidi. Siye. Akafika mpaka kwa ndovu. Siye.

Sasa niambieni, nini kimebadilika hapo? Hamu ya paka, basi. Baraza la sultani liko vile vile, mashtaka yanaletwa vile vile, mifugo inahesabiwa vile vile. Paka amepewa tumbo lisilokuwa na mpaka, na sultani amebaki kuwa sultani. Meno ya paka mimi hayanitishi sana. Jibu la sultani ndilo linaloninyima usingizi.

Tupige hatua tufike mwaka 1968, Nairobi. Grace Ogot anatoa mkusanyiko wake, Land Without Thunder. Wengi wenu mnaijua hadithi moja ya humo, ile ya msichana anayetolewa kafara ziwani ili mvua inyeshe. Nzuri sana. Lakini ipo nyingine inayoitwa "Tekayo", na kama hamjaisoma, leo usiku msiisome mkiwa peke yenu.

Tekayo ni mchungaji, mtu mzima wa heshima zake. Siku moja machungani anapata ini lililokuwa limebebwa na tai. Anakula. Halijapata kutokea tamu kama lile. Anataka kujua ni ini la mnyama gani. Anawinda. Anaua mnyama huyu, anaonja, silo. Anaua yule, anaonja, silo. Miaka inakwenda. Mkewe anamzoea, kijiji kinamzoea, kila mwanamume ana kichaa chake. Hatimaye Tekayo amezeeka, machunga hayawezi tena, na watoto wake wanamwachia kazi nyepesi inayomfaa babu yeyote: kuwatunza wajukuu wazazi wao wakienda shamba.

Ninyamaze hapo? Nyuso zenu zinasema mmeshaelewa. Nitanyamaza. Angalieni tu ustadi wake. Ogot hakuleta jini wala shetani wa kumlaumu, na hakutuambia Tekayo amerogwa. Amembadilishia mzee mmoja ulimi. Mengine yote ni boma la Kijaluo kama lilivyokuwa: wake wenza, moto wa jioni, watoto wakicheza uani.

Haya, hatua ya tatu, mwaka 2016. Wangapi hapa mlisoma Tumbo Lisiloshiba na Hadithi Nyingine shuleni? Inueni mikono. Naam, karibu vijana wote, kwa kuwa kilikuwa kitabu teule cha kidato cha nne. Sasa nawauliza tena, na mseme kweli, Mungu anawaona: wangapi mliisoma hadithi yenyewe, mbali na mwongozo?

Mikono imeshuka. Nilijua.

Siwalaumu. Mmefundishwa kusoma hadithi kama mtu anayetafuta vitu vilivyoibwa: maudhui yako wapi, jazanda iko wapi, taja mbinu tano za mwandishi kwa mifano. Mnavipata, mnapewa alama, mnafunga kitabu. Hakuna aliyewaambia kwamba mle ndani, katika hadithi ya kwanza, iliyoandikwa na Said Ahmed Mohamed wa Unguja, mna mojawapo ya hadithi za kutisha bora kabisa za Kiswahili.

Kuna mtaa wa wanyonge unaitwa Madongoporomoka. Kuna Mzee Mago mwenye mkahawa wake mdogo. Wakubwa wa mji wanaitaka ile ardhi, na wanyonge wanajua wanatakiwa kuhama. Mpaka hapo hakuna la ajabu, ni habari mnazozisikia kila wiki. Kisha siku moja ndani ya mkahawa linaingia jitu. Linakaa. Linaagiza chakula. Linakula cha mezani, linakula cha jikoni, linakula kila kilichopikwa mkahawani siku ile, na watu wanatazama. Likimaliza linaahidi kurudi. Zinazokuja baadaye ni tingatinga za kubomoa.

Kitu kimoja kimebadilika: mnyang'anyi wa ardhi amepewa mwili na tumbo, amekalishwa kwenye meza ya plastiki kama mteja mwingine yeyote. Meza ya plastiki nimeongeza mimi. Lakini mnaiona, sivyo?

Paka wa 1870, babu wa 1968, jitu la 2016. Hawa watatu mnawaonaje? Mimi naona jamaa mmoja. Kitisho cha huku kwetu mara nyingi sana ni mlaji. Wazungu wana jumba kongwe lenye mlango unaofunguka wenyewe, sisi tuna mtu anayekula asishibe, na jamaa zake wanaosema ni wetu huyu, mwacheni. Hata habari za mumiani ni hizo hizo. Msicheke, vijana. Enzi za ukoloni, kutoka Nairobi hadi Kampala hadi Kongo, watu wazima wenye akili zao walisimulia kwamba wazimamoto hukamata watu usiku na kuwanyonya damu. Mwanahistoria Luise White alizikusanya habari hizo na kuzitolea kitabu mwaka 2000, na kilichonipendeza kwake ni kwamba hakupoteza muda kuuliza kama ni kweli. Aliuliza kwa nini zilisimuliwa vile, na watu wale, na wakati ule. Mtu anayefanya kazi asiyoielewa, kwa mshahara asioupanga, chini ya bwana asiyemjua, anasema: wananinyonya damu. Mkisoma hadithi ya kutisha, ulizeni swali la White.

Nikiwa bado kwa Said Ahmed Mohamed, tafuteni mikusanyiko yake mwenyewe: Si Shetani Si Wazimu, Sadiki Ukipenda, na Arusi ya Buldoza. Mnaona wenyewe, hata tingatinga hakuanza kuliandika jana.

Sasa tusafiri. Mwandishi wa kwanza ni Mmarekani, Shirley Jackson. Tarehe 26 Juni 1948 jarida la The New Yorker lilichapa hadithi yake iitwayo "The Lottery". Asubuhi ya kiangazi, kijiji kidogo. Watu wanakusanyika uwanjani kwa bahati nasibu ya kila mwaka. Wanaume wanazungumzia kodi na trekta. Mama mmoja anachelewa kwa sababu alikuwa akiosha vyombo, na watu wanamtania. Kuna sanduku jeusi la zamani na vijikaratasi. Watoto wavulana wanaokota mawe na kuyarundika. Mbona mawe? Mwandishi haelezi, anaendelea na habari za sanduku.

Hakuna mzimu hata mmoja humo. Kilichobadilika ni tuzo ya bahati nasibu, basi.

Mnajua kilichotokea baada ya kuchapwa? Kiangazi kile mwandishi alipokea barua zaidi ya mia tatu. Wengine walitukana, wengine hawakuelewa. Lakini wapo walioandika kuuliza bahati nasibu hiyo hufanyika mji gani, na kama mtu anaweza kwenda kutazama. Rudieni hilo vichwani mwenu. Wanataka kwenda kutazama! Afrika Kusini ya wakati ule iliipiga marufuku, na mumewe aliandika kwamba Jackson alijivunia marufuku hiyo, maana wale angalau walikuwa wameielewa. Hadithi imo katika mkusanyiko wa 1949 wenye jina hilo hilo.

Wa pili ni Mariana Enríquez wa Argentina, mwandishi wa habari kwa kazi yake. Nchi yake ilitawaliwa na wanajeshi kuanzia 1976 hadi 1983, na maelfu ya watu walikamatwa wasionekane tena. Mkusanyiko wake uliotafsiriwa kwa Kiingereza kama Things We Lost in the Fire una hadithi ya wasichana wawili na hoteli. Baba wa mmoja wao alikuwa akiwatembeza watalii, akafukuzwa kazi. Kosa lake? Aliwaambia wageni kwamba wakati wa utawala wa kijeshi hoteli ile ilikuwa chuo cha polisi. Bintiye anataka kulipiza, na anaazimia kulipiza kitoto kabisa: wataingia usiku, wachane magodoro, watie soseji ndani, zioze, chumba kinuke. Mpango wa kuchekesha. Wanaingia, wanaanza kazi yao. Kisha nje wanasikia magari, miguu ya watu wengi wakikimbia, na mlango unapigwa.

Kumbuka, mwaka wa hadithi utawala ule umeshaondoka zamani. Hakuna magari nje.

Enríquez haongezi chochote. Haelezi walikuwa nani. Angeeleza, tungelala vizuri. Na ukiacha magari yale, hadithi nzima ni ya wasichana wawili wanaopendana kwa namna ambayo mmoja wao haijui na mwingine anaijua vizuri sana. Hiyo ndiyo wanaoiita fasihi yenyewe, imejificha ndani ya soseji.

Sasa sayansi. Najua baadhi yenu, hasa wazee wenzangu, mkisikia bunilizi za kisayansi mnaona roketi na watu wa kijani, mnasema hayo ni mambo ya watoto. Ngojeni niwapandishe basi.

Basi hili liko Los Angeles, na mwenye kuliandika ni Octavia Butler. Mama huyu Mmarekani mweusi alizaliwa 1947, akafariki 2006, na mwaka 1995 alikuwa mwandishi wa kwanza wa bunilizi za kisayansi kupewa ile tuzo kubwa ya MacArthur. Mwaka huo huo alitoa Bloodchild and Other Stories. Hadithi ninayoizungumzia inaitwa "Speech Sounds".

Ugonjwa umepita duniani. Waliobaki hai umewanyang'anya lugha. Wengine hawawezi kusema, wengine hawawezi kusoma, wengine yote mawili. Kitu kimoja! Basi bado lina dereva, abiria bado wanasukumana, jua bado linachoma. Vijana wawili wanatazamana vibaya. Nyinyi mnaopanda matatu, mnajua ugomvi wa matatu huishaje: kwa mdomo. Utatukana, utatukanwa, kondakta ataingilia, mama mmoja ataanza kuhubiri, na mtashuka salama. Sasa waondoleeni wote mdomo. Kila ishara ya mkono inaweza kuwa tusi, kila mguno unaweza kuwa vita. Anayetuongoza katika hadithi ni mwanamke anayeitwa Rye, zamani mwalimu na mwandishi, ambaye leo hawezi kusoma hata vitabu alivyoviweka nyumbani. Anakutana na mwanamume anayeweza kusoma ramani. Anamwonea wivu kiasi cha kutaka kumuua. Mimi niliyefundisha watu kusoma maisha yangu yote, ukurasa ule niliuweka chini nikaenda kunywa maji.

Butler mwenyewe amesimulia kwamba wazo lilimjia ndani ya basi halisi, akitazama ugomvi wa damu kati ya abiria, akajiuliza kama binadamu tutakua siku moja tukaweza kuelewana bila ngumi. Kwa hiyo wapi roketi? Wapi watu wa kijani? Hadithi nyingine ya kitabu hicho, ile iliyokipa jina, inabadilisha swali la nani abebe mimba. Sitasema zaidi, kuna watoto hapa. Ila akina baba, isomeni.

Wa pili katika sayansi ni Ted Chiang. Huyu ni Mmarekani, kazi yake imekuwa kuandika maelezo ya kiufundi ya kompyuta, na hadithi huzitoa kwa uchache mno. Ana mikusanyiko miwili, Stories of Your Life and Others wa 2002 na Exhalation wa 2019. Anzeni na Exhalation, na ndani yake anzeni na hadithi ya kwanza, "The Merchant and the Alchemist's Gate". Nitawaambia kwa nini.

Nani hapa alisomewa Alfu Lela Ulela akiwa mdogo? Ile tafsiri ya Kiswahili ya Edwin Brenn? Naona mvi nyingi zimeinua mikono. Basi Chiang ameijenga hadithi yake kwa mtindo ule ule: mfanyabiashara wa vitambaa wa Baghdad amesimama mbele ya khalifa, anasimulia, na ndani ya simulizi yake mna simulizi nyingine, na ndani ya ile mna nyingine. Kuna fundi ana duka, na nyuma ya duka kuna lango. Ukipita upande huu unatokea miaka ishirini mbele. Na kule Cairo kuna lango jingine la kukurudisha nyuma.

Kitu kimoja kimebadilika, na Chiang anakiwekea sharti: kilichotokea hakibadiliki. Utakwenda, utaona, utashiriki, lakini huwezi kufuta kitu. Wazo la lango lenyewe, amesema, alilipata kwa mwanafizikia Kip Thorne, aliyetafuta mashine ya wakati ambayo haitavunja kanuni za Einstein. Angalieni basi anachofanya na fizikia hiyo. Kuna mfumaji mmoja, maskini. Anapita langoni kwenda kujitazama atakavyokuwa baada ya miaka ishirini. Anajikuta bado anaishi kimaskini, nyumba ile ile, ila ana sanduku la dinari za dhahabu alilolificha. Anashangaa: bahili gani huyu, ana mali na bado anakula vibaya? Kwa hasira anaiba lile sanduku. Anarudi nalo wakati wake, anaoa, anatanua. Halafu kidogo kidogo fahamu inamjia. Zile dinari alizomwibia yule mzee, lazima mzee awe nazo siku ya kuibiwa. Na mzee ni yeye. Kwa hiyo itambidi aishi kimaskini miaka yote iliyobaki akiweka dinari moja moja, mpaka sanduku lijae, mpaka kijana mpumbavu aje alichukue.

Mnacheka. Lakini je, ni wangapi kati yetu wanalipa leo mkopo aliouchukua yule kijana mpumbavu?

Na hiyo ni hadithi ndogo tu ya ndani. Ile kubwa, ya mfanyabiashara mwenyewe na mkewe aliyefariki baada ya wao kugombana, nawaachia.

Wa karibu na nyumbani katika sayansi ni Dilman Dila wa Uganda, na A Killing in the Sun wa mwaka 2014. Humo mna hadithi ya mbu waliotengenezwa maabara ili kuondoa malaria, na mnaweza kukisia kama mpango ulikwenda sawa. Hadithi za kitabu hicho hazilingani ubora, zipo nilizoziruka, lakini ile ya mbu mtu wa nchi za malaria haisomi kwa raha.

Sasa nije kwa yale mafungu matatu. Lesley Nneka Arimah, mwandishi wa asili ya Nigeria, mwaka 2017 alitoa What It Means When a Man Falls from the Sky. Katika hadithi moja wanawake hutengeneza watoto kwa mikono, kwa kitu chochote ulichonacho. Mwenye uwezo anatengeneza kwa kitu kizuri, mtoto anatoka mzuri. Ogechi ni maskini, anafanya kazi saluni. Alijaribu mtoto wa uzi, akafumuka. Sasa anatazama sakafu ya saluni, nywele zilizofagiliwa za wateja wa kila aina, na anajua haifai, mamake amemwonya. Anazikusanya. Haya, mwalimu uliyenialika, hiyo niiweke fungu gani? Kutisha? Sayansi? Fasihi yenyewe? Kila mwanamke aliyewahi kulinganishwa mtoto wake na wa jirani anajua ni fungu gani.

Na Idza Luhumyo wetu, Mkenya, aliyepata Tuzo ya Caine, ile ya hadithi fupi za Afrika, mwaka 2022 kwa "Five Years Next Sunday". Hii haiko katika kitabu chake mwenyewe, iko katika Disruption, mkusanyiko wa waandishi wa Afrika wa mwaka 2021. Mji wa Pwani, ukame, na msichana anaitwa Pili ambaye nywele zake zimeshika mvua. Jamaa zake wanamwogopa na wanamtegemea kwa wakati mmoja. Wageni wanazipenda nywele zake kupita kiasi. Nywele tu zimebadilika. Tamaa za watu zinazozizunguka, hakuna moja aliyoibuni.

Najua kuna watakaosema: lakini mimi nataka hadithi ambazo hakuna kilichogeuka, watu ni watu. Haki yako. Chukua Uhuru Street ya M.G. Vassanji, Dar es Salaam ya maduka ya Wahindi katika mtaa ulioitwa Kichwele kabla ya kuitwa Uhuru. Chukua Tropical Fish ya Doreen Baingana, dada watatu wa Entebbe, ya mwaka 2005. Vyote viwili navipenda. Lakini vikisomwa baada ya hawa wengine utaona jambo: kwa Vassanji nchi ndiyo iliyogeuka, wenye maduka wamebaki nyuma ya kaunta zilezile, wakipima vitambaa vilevile na kutazama nje. Historia imefanya kazi ya lango la Chiang.

Namna ya kuvisoma, kwa kifupi. Mkusanyiko si riwaya, hakuna anayekulazimisha kuanza mwanzo. Soma hadithi moja kwa usiku mmoja, kisha funga kitabu ijapokuwa unatamani nyingine. Isiyokupendeza ruka, mwandishi hatajua. Na za kutisha zisomeni kwa sauti, mtu mmoja akisoma na wengine wakisikiliza. Mwingereza M.R. James, msomi wa Cambridge, aliandika hadithi zake za mizimu awasomee rafiki zake mkesha wa Krismasi, taa zimepunguzwa, na ndiyo maana Ghost Stories of an Antiquary ya 1904 bado inafanya kazi. Sisi tuliozaliwa kwenye "paukwa, pakawa" tunahitaji kufundishwa hilo?

La mwisho ni malalamiko. Vingi nilivyovitaja mtavisoma kwa Kiingereza. Mwaka 2023 huko Marekani kulitoka No Edges, waandishi wanane wa Kiswahili wamefasiriwa kwa Kiingereza, wamo Kezilahabi na Katama Mkangi, yule wa riwaya ya Walenisi aliyemrusha mhusika wake sayari nyingine tangu 1995. Nimefurahi kweli. Lakini njia ya kurudi iko wapi? Brenn aliweza kumleta Shahrazadi kwa Kiswahili enzi za ukoloni. Nyinyi mlio na shahada za tafsiri mmekaa hapa mbele, nawatazama machoni: yule mfumaji wa Baghdad anajiibia kwa Kiingereza mpaka lini? Anzeni na kurasa kumi. Ombeni ruhusa ya wenye haki, mleteni hapa, tumsome kwa sauti.

Haya. Vitabu viko kwenye lile sanduku karibu na dirisha, na daftari liko juu yake. Anayeazima aandike jina na tarehe. Mwanafunzi aanze na "Tumbo Lisiloshiba", hadithi yenyewe, na mwongozo aniachie mimi mlangoni. Mwenye moyo mwepesi achukue Vassanji. Mwenye kiburi cha kusema haogopi kitu, Ogot. Butler nina nakala moja tu, na naona akina baba wawili wameshasimama. Basi nitayapokea maswali huku wakigombania.